Kizimba ni cha Nani? Hukumu Tatu za Sokoni

Sisi wapenzi wa hadithi tumezoea kuitafuta fasihi kwenye rafu moja tu: riwaya, ushairi, tamthilia. Hukumu za mahakama tunawaachia mawakili. Tunajinyima. Hukumu nzuri ina mhusika, ina mgogoro, ina mahali na saa, na mwishoni kuna mtu anapata au anakosa. Tena hukumu za sokoni zina kitu ambacho riwaya nyingi hazina: mhusika mkuu ni muuza nguo au muuza matunda, mtu ambaye vitabu vya historia humpita kama vile msafara unavyompita aliyesimama kando ya barabara.

Nimechagua tatu. Moja ya Uingereza, moja ya India, moja ya Afrika Kusini. Zote zinagombania kitu kidogo sana ukikipima kwa futi: nafasi ya kuweka meza. Lakini hebu muulize mtu yeyote wa soko, atakwambia biashara ni mahali. Nyanya zile zile, bei ile ile, zihamishe kutoka mlangoni mwa soko uzipeleke kona ya nyuma karibu na mtaro, zitakuozea mezani. Mteja wako wa miaka 10 hatakutafuta. Atanunua kwa yule aliyekaa pale ulipokuwa unakaa wewe. Ndiyo maana mfanyabiashara atavumilia mvua, harufu na ushuru unaopanda, lakini ukimgusa kizimba chake mtafikishana mbali.

Ukizisoma hukumu hizi kwa kufuatana utaona maswali matatu yakija moja baada ya jingine. Aliyekufukuza, alikusikiliza kwanza? Unayo haki ya kuuza? Na kama unayo, unayo haki ya kuuzia hapa? Hilo la tatu ndilo lililowasumbua majaji zaidi, na kwetu bado halijapata jibu.

Barnsley: mtu aliyekwenda haja

Barnsley ni mji wa Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza, mji uliokuwa wa migodi ya makaa ya mawe. Soko lake ni la zamani kweli. Hati ya mfalme iliyoliruhusu ni ya mwaka 1249. Katika sheria ya kale ya Kiingereza, soko lilikuwa haki iliyotolewa na mfalme kwa bwana au watawa au mji fulani, na mwenye soko alipewa pia haki ya kutoza. Kulikuwa na tozo ya kuingiza bidhaa, tozo ya kuweka meza, na hata tozo ya kuchimba ardhi ili kusimika nguzo za kibanda. Kwa upande wa pili, kwa kuwa soko lilikuwa la watu wote, mwenye soko hakuwa na ruhusa ya kumzuia mtu kuja kuuza kwa sababu tu hampendi.

Sasa twende jioni ya Jumatano, tarehe 16 Oktoba 1974. Harry Hook alikuwa na meza katika soko hilo kwa takribani miaka sita, bila matatizo. Soko limeshafungwa, anafunga mizigo yake, haja ndogo imembana. Vyoo vya soko vimeshatiwa kufuli. Akaenda kwenye uchochoro, akajisaidia. Mfanyakazi wa halmashauri akamwona na kumkaripia, naye Hook akajibu kwa maneno makali. Habari zikafika kwa meneja wa soko, na muda si mrefu Hook akapokea barua: leseni yake imefutwa, asikanyage tena na meza yake katika soko la Barnsley maisha yake yote.

Maisha yake yote, kwa haja ndogo na matusi ya jioni moja!

Hook alikata rufaa kwenye kamati ya halmashauri. Akaja na mwakilishi wa chama cha wafanyabiashara wa masoko na mtu wa ofisi ya mawakili, lakini ushahidi dhidi yake hakuambiwa kwa ukamilifu. Kisha wajumbe walipokaa kuamua, aliyetoka nje ni Hook. Meneja wa soko, yeye mwenyewe aliyemfukuza, alibaki chumbani na wajumbe. Kamati ikakubaliana na meneja.

Kesi ilifika Mahakama ya Rufani mwaka 1976, mbele ya Lord Denning na wenzake wawili. Denning ni jaji ambaye watu wa fasihi wanapaswa kumsoma. Alikuwa mtoto wa muuza vitambaa wa mji mdogo wa Whitchurch, na aliandika kwa sentensi fupi, kama mzee anayesimulia barazani. Hukumu hii anaianza kwa kukiri kwamba huenda wapo watakaoliona jambo lenyewe ni dogo, lakini kwa Harry Hook ni kubwa. Kisha anasimulia: siku, saa, vyoo vilivyofungwa, uchochoro, maneno. Anapofika kwenye sheria, msomaji ameshachagua upande.

Halmashauri ilijitetea kwa hoja ambayo utaitambua mara moja. Ilisema leseni ya meza ni mkataba wa kawaida, na mwenye eneo anaweza kuuvunja akitaka. Denning akakataa. Mtu wa soko, akishalipia nafasi yake, hasimami pale kwa hisani ya meneja. Anatumia haki ya kale ya umma. Mwenye mamlaka ya kumnyang'anya riziki lazima awe na sababu ya haki, amweleze tuhuma zake, amsikilize, na anayeshtaki asikae na wanaohukumu. Tena, akaongeza Denning, hata kama Hook alikosa, adhabu ilizidi kosa. Uamuzi wa kumfukuza ukatenguliwa.

Wanafunzi wa sheria wa Afrika Mashariki wanakutana na kanuni hii kwa jina la haki ya asili, kwa sababu mahakama zetu zilirithi sheria ya mapokeo ya Kiingereza. Lakini angalia mipaka yake. Mahakama haikusema kizimba ni mali ya Hook. Ilisema tu kwamba kumtoa kuna utaratibu wake. Halmashauri yenye subira, inayoandika barua nzuri na kuitisha kikao kinachoeleweka, bado ingeweza kumwondoa mtu.

Delhi: haki isiyo na mahali

Hukumu ya pili inatupeleka New Delhi. Sodan Singh aliuza nguo zilizoshonwa tayari katika mtaa wa Janpath Lane, sehemu yenye watalii na maofisa, ambapo futi chache za njia ya waenda kwa miguu zina thamani kuliko duka zima la mtaa wa nyuma. Mara kwa mara alikuwa amepewa kibali kinachoitwa tehbazari, yaani ruhusa ya kutandika bidhaa mahali fulani kwa kulipa ada. Mara nyingine watu wa halmashauri walimwondoa na kubeba bidhaa zake. Yeye na wenzake wakaenda Mahakama Kuu ya nchi, wakisema Katiba ya India inampa kila raia haki ya kufanya biashara.

Majaji watano walitoa hukumu tarehe 30 Agosti 1989, na kwa wachuuzi ilikuwa na sura mbili. Sura ya kwanza ilikuwa ya furaha. Mahakama ilisema kuchuuza barabarani ni biashara kama biashara nyingine, na inalindwa na Katiba. Barabara si ya magari na wapita njia peke yao. Kwa desturi ya miaka mingi ni mahali pa kuuziana pia, na mchuuzi anamsaidia mtu wa kipato kidogo kupata vitu kwa bei nafuu karibu na njia yake. Mamlaka haiwezi kuwachukulia wachuuzi wote kama uchafu wa kufagiwa.

Sura ya pili ikafuata hapo hapo. Haki hiyo, wakasema majaji, haimpi mtu yeyote haki ya kudumu juu ya sehemu maalumu ya njia. Unayo haki ya kuuza, ila huwezi kunyoosha kidole ukasema, hapa ni pangu. Mahali patapangwa na halmashauri, kwa mpango wenye busara.

Kisheria hoja hiyo ina mantiki. Njia ni ya wote, na mtu mmoja akipewa kipande cha kudumu, amenyimwa mwingine. Lakini kwa mchuuzi wa Janpath ni kama kuambiwa una haki ya kuvua samaki, ila bahari tutakuonyesha sisi, siku tutakayopenda. Matokeo yake hayakuchelewa. Kwa kuwa mahali panagawiwa, lazima iwepo orodha. Kwa kuwa kuna orodha, lazima iwepo kamati ya kuitengeneza. Na orodha ikishakuwepo, inakuja mashindano ya kuthibitisha nani alianza lini, nani ana risiti ya mwaka gani, nani ni mchuuzi halisi na nani ni mtu wa mtu. Mahakama ikajikuta inasimamia kamati za kuhakiki madai ya maelfu ya wachuuzi, kesi juu ya kesi, kwa zaidi ya miaka 20.

Mwaka 2010, katika kesi ya Gainda Ram, majaji wakaona imetosha: haki ya msingi ya watu haiwezi kuendeshwa kwa mipango ya muda ya halmashauri. Wakaitaka serikali itunge sheria. Sheria ikapitishwa mwaka 2014, na ndani yake kuna vipengele viwili ambavyo ningependa kila diwani wetu avisome. Kwanza, hakuna mchuuzi kuondolewa kabla ya sensa ya wachuuzi kufanyika na vyeti kutolewa. Pili, kamati ya mji inayopanga nafasi lazima angalau asilimia 40 ya wajumbe wake wawe wachuuzi wenyewe, waliochaguliwa na wachuuzi, na theluthi ya hao wawe wanawake. Utekelezaji wake umekuwa wa kusuasua katika miji mingi. Hata hivyo wazo ni zito: kama mahali hapawezi kuwa mali ya mtu, basi mtu huyo awe mezani panapogawiwa.

Johannesburg: tarehe 5 Desemba 2013

Mwishoni mwa Septemba 2013 jiji la Johannesburg lilianza zoezi lililopewa jina la kufagia, Operation Clean Sweep. Kwa muda wa mwezi mmoja hivi, maelfu ya wachuuzi waliondolewa katikati ya jiji, vibanda vikavunjwa, bidhaa zikachukuliwa. Waliofagiwa hawakuwa tu wale wasio na vibali. Waliokuwa na vibali halali, wanaolipa kodi ya nafasi zao kwa jiji hilo hilo, nao walitolewa.

Viongozi wa wachuuzi wakakaa na jiji, na mwanzoni mwa Novemba wakakubaliana: kila mchuuzi atahakikiwa na kuandikishwa upya, kisha atarudi mahali pake. Watu wakapanga foleni, wakahakikiwa, wakaandikishwa. Wakarudi kwenye meza zao na karatasi mkononi. Polisi wa jiji wakawatoa tena, wakiambiwa wasubiri kupangiwa maeneo mengine.

Hapo ndipo vyama viwili vya wachuuzi vikaenda mahakamani. Mahakama ya chini, mwishoni mwa Novemba, ikasema jambo si la dharura. Si la dharura! Mtu ambaye hajauza tangu Oktoba, na Desemba ndiyo msimu wenyewe, anaambiwa asubiri mwaka mpya. Wakapanda moja kwa moja hadi Mahakama ya Katiba.

Mahali pa mahakama hiyo penyewe ni hadithi. Imejengwa kwenye eneo la gereza la zamani la Johannesburg, na baadhi ya matofali yake yametoka kwenye jengo la mahabusu lililobomolewa. Humo waliwahi kufungwa Gandhi na Mandela, lakini waliolijaza gereza miaka yote walikuwa watu wasio na majina makubwa, waliokamatwa kwa kukosa pasi au kwa kuonekana sehemu ya mji ambako sheria haikuwataka. Katika mji huo, swali la nani anaruhusiwa kusimama wapi lilikuwa ndilo siasa yenyewe.

Majaji walisikiliza ombi tarehe 5 Desemba 2013 na siku hiyo hiyo wakatoa amri: jiji lisiwabughudhi wachuuzi hao katika nafasi walizokuwa nazo kabla ya kuondolewa, mpaka kesi ya msingi iamuliwe. Usiku wa siku hiyo Nelson Mandela akafariki nyumbani kwake Houghton, umbali mfupi kutoka hapo. Dunia nzima ikageukia msiba, na habari ya wachuuzi ikapotea kwenye kurasa za ndani. Sielewi kwa nini hakuna mwandishi wa riwaya aliyeikamata siku ile: mzee aliyefungua ofisi ya uwakili na Oliver Tambo mjini humo mwaka 1952, kutetea watu wadogo, anaondoka saa chache baada ya watu wadogo kurudishiwa meza zao.

Sababu za amri zilitolewa Aprili 2014, zimeandikwa na Dikgang Moseneke. Lugha yake haina mbwembwe za Denning. Anakubali kwamba kuweka mji katika mpangilio ni lengo halali, kisha anasema jiji lilifuata lengo hilo huku likikanyaga haki za watu waziwazi. Sheria ya biashara ya nchi iliweka hatua za kufuata kabla ya kuwahamisha wachuuzi, ikiwemo kuwapa taarifa na kuwasikiliza, na jiji liliziruka. Halafu anaunganisha jambo ambalo Barnsley na Delhi hazikuliunganisha hivyo: uwezo wa mtu kujitafutia na kulisha wanaomtegemea ni sehemu ya utu wake. Kumwondoa mchuuzi mahali pake ni kumfikisha kwenye udhalilishaji, yeye na watoto waliokuwa wakila kutokana na meza ile.

Ona amri yenyewe ilivyoandikwa. Majaji hawakusema wachuuzi wana haki ya kuuza, kisha wakaliachia jiji lichague wapi. Walisema warudi pale pale walipokuwa. Ilikuwa amri ya muda tu, na haikuwapa umiliki. Lakini mahakama ilielewa kwamba kumpa muuza matunda wa katikati ya jiji nafasi nyingine mbali na kituo cha daladala ni kumnyima biashara huku ukidai umempa.

Na kwetu je?

Turudi nyumbani, Dar es Salaam. Jina la Kariakoo lenyewe linatokana na Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa Kiafrika waliobebeshwa mizigo ya Waingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Watu waliopangwa na wengine mahali pa kukaa, ndio walioacha jina pale. Jengo kubwa la soko, kazi ya msanifu Beda Amuli, lilifunguliwa mwaka 1975, na shirika la kulisimamia lilianzishwa kwa sheria ya 1974. Julai 2021 likaungua. Ukarabati ulipofikia mwisho, swali la nani anarudi lilikuwa zito kama swali la jengo lenyewe, na orodha za majina zikazua malalamiko.

Kila orodha ya soko ina tatizo ambalo majaji wa Delhi walilijua vizuri. Kuna mwenye jina na kuna mwenye meza. Mwenye jina ndiye aliyeandikwa kwenye daftari la ushuru, labda tangu zamani za baba yake, na pengine hajashika mizani kwa miaka. Mwenye meza ni yule anayeamka saa kumi alfajiri, aliyekodishwa kizimba kwa bei mara kadhaa ya ile ya daftari. Soko likiungua au likijengwa upya, nani arudishwe? Ukimrudisha mwenye jina, umeheshimu karatasi na kumtupa mfanyakazi. Ukimrudisha mwenye meza, bila kanuni iliyotangazwa mapema, umefungua mlango kwa yeyote mwenye mjomba ofisini.

Au chukua vitambulisho vya wajasiriamali wadogo. Desemba 2018 Rais John Magufuli aliwakabidhi wakuu wa mikoa vitambulisho 670,000, kila kimoja kikitolewa kwa shilingi 20,000, na wamachinga wakapata ahueni ya kweli: mgambo hakuweza tena kuwasumbua hovyo. Ila kitambulisho kilisema tu kwamba unaruhusiwa kuuza. Mahali pa kuuzia hakikutaja. Basi ilipofika nusu ya pili ya 2021, wamachinga walipotakiwa kuondoka kando ya barabara kwenda maeneo yaliyotengwa, kitambulisho hakikuwa na la kusema. Ilikuwa Sodan Singh kwa Kiswahili, tofauti ni kwamba sisi tulifika pale kwa tamko badala ya hukumu. Kwa tamko huna mahali pa kukata rufaa.

Najua hoja ya upande wa pili, na ni ya haki. Mama mwenye mtoto mgongoni naye ana haki ya kupita kwenye njia bila kushuka kwenye lami. Mwenye fremu anayelipa kodi ya pango ana haki ya mlango wake kuonekana. Zimamoto wana haki ya kupitisha gari. Hakuna mji unaoweza kumwachia kila mtu achague sehemu yake. Kupanga ni lazima.

Ila hukumu hizi tatu zinafundisha kwamba mpango unatofautiana na ufagio kwa mambo yanayoweza kuhesabiwa. Je, aliyeondolewa alipewa sababu na kusikilizwa na mtu asiye mshitaki wake? Je, orodha ilibandikwa ukutani, pamoja na kanuni iliyotumika kuandika majina, kabla ya funguo kugawiwa? Je, wauzaji walikuwa wajumbe wenye kura, au waliitwa kusikiliza matangazo? Je, mahali papya pana wateja, au pana paa tu?

Hook alilipa ada ya meza miaka sita na bado akafukuzwa kwa barua. Wachuuzi wa Johannesburg walihakikiwa, wakaandikishwa, wakatolewa na karatasi zao mkononi. Kwa hiyo mwanasiasa akija sokoni kwenu na kusema msiwe na wasiwasi, kila mmoja ataandikwa, msimpigie makofi bado. Muulizeni nani atashika kalamu, na mtu ambaye jina lake litarukwa ataenda kulalamika kwa nani.